Sentensi niliyoiandika mara 34

Usiku mmoja nilifungua historia ya faili kwenye kompyuta. Sikuwa na nia ya kujichunguza. Nilikuwa natafuta aya niliyoifuta majuma mawili nyuma, nikidhani itanifaa mahali pengine. Programu ninayoandikia hutunza kila toleo pamoja na tarehe na saa yake, na ukibofya moja baada ya jingine unayaona maneno yakiingia na kutoka kama watu mlangoni.

Aya sikuipata. Nilichokipata ni sentensi ya kwanza.

Nilikuwa nimeiandika mara 34.

Nikahesabu upya, maana namba ile ilinitia aibu hata nikiwa peke yangu chumbani. Ni 34 kweli. Makala yenyewe ilikuwa fupi, maneno kama 900 hivi, kuhusu baba yangu aliyekuwa fundi saa. Toleo la kwanza kabisa lilianza hivi: "Baba yangu alikuwa mtu mwenye subira." Toleo la 34, lile nililoliona limeiva, lilianza hivi: "Baba yangu alikuwa mtu wa subira."

Siku 19 kutoka "mwenye" hadi "wa".

Na mwisho wa makala, pale ambapo msomaji alitakiwa aondoke na kitu mkononi? Niliuandika kwa kikao kimoja, usiku wa kumalizia, kwa dakika zisizofika 20. Historia ya faili inaonyesha kwamba sikuugusa tena.

## Huyu mzee simjui

Kabla ya usiku huo nilikuwa nikijitambulisha kama mwandishi wa polepole. Nalisema hilo kwa unyenyekevu wa uongo, kama mtu anayelalamika kuwa nguo zote zinampwaya. Polepole, kwangu, maana yake ilikuwa umakini. Wengine wanalipua, mimi napima.

Makala ya baba nilikuwa nimemtumia dada yangu mkubwa aisome kwanza. Jibu lake lilikuja siku hiyohiyo:

"Mdogo wangu, umeandika vizuri. Kiswahili kimenyooka. Ila huyu mzee simjui."

"Humjui vipi, dada? Si baba huyo."

"Jina lake nimeliona. Yeye sijamwona."

Nikakasirika. Nikajiambia dada si msomaji wa makala, yeye alitaka picha na vituko, mimi nimeandika tafakuri. Nikaifunga faili nikaendelea na mambo mengine. Ila jibu lile lilinikaa kama punje ya mchanga ndani ya kiatu, hali umevaa vizuri na huwezi kuvua mbele za watu. Nilipoiona ile namba 34, vitu viwili vikakaa pamoja na havikukubali kutenganishwa: sentensi iliyopigwa msasa mara 34, na msomaji anayemjua vizuri mtu anayesemwa humo, asiyeweza kumwona.

Basi siku hizo zote nilikuwa nafanya nini?

## Kazi inayofanana na kazi

Kwanza nilijitetea kwa kuyapitia matoleo yote 34, moja moja. Nayaweka machache hapa, na naomba nisichekwe.

"Baba yangu alikuwa na subira isiyo ya kawaida."

"Subira ndiyo iliyomlea baba yangu."

"Uvumilivu ndio uliomlea baba yangu."

"Kama subira ingekuwa fundi, ingeitwa kwa jina la baba yangu." (Hili lilidumu siku mbili nzima. Nakumbuka nilikuwa nalipenda.)

Tazama la pili na la tatu. Nilichobadilisha ni neno moja, "subira" kuwa "uvumilivu". Lakini kwa lugha yetu huwezi kuhamisha nomino ikahama peke yake. "Ndiyo" ikawa "ndio", "iliyomlea" ikawa "uliomlea", sentensi nzima ikajipanga upya nyuma ya bwana wake mpya. Mkono umefanya kazi, macho yameona mabadiliko, sikio limesikia mlio tofauti. Unainuka kwenye kiti umechoka kihalali.

Na hujasema kitu kipya hata kimoja.

Hapo ndipo nilipoanza kushuku kwamba tuna mtego wetu wenyewe, sisi tunaoandika kwa lugha yenye upatanisho wa kisarufi kila kona. Kusahihisha kwetu kuna shughuli nyingi. Ukigusa nomino, vivumishi, vitenzi na virejeshi vyote vinageuka kukutazama. Ni rahisi sana kudhani kwamba umejenga, kumbe umehamisha samani ndani ya chumba kilekile.

## Wale watano

Mwaka 1980 mtafiti aitwaye Mike Rose, wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, aliandika kuhusu wanafunzi kumi wa chuo hicho. Watano walikuwa wakikwama kila waandikapo, watano hawakuwa wakikwama. Mtu angedhani tofauti yao ni kipaji, au akili, au woga tu. Rose aligundua kwamba wale waliokwama walikuwa wakitembea na kanuni ngumu vichwani na kuzishika kama sheria. Wenzao nao walikuwa na kanuni, ila kwao kanuni ilikuwa kitu cha kujaribu, na ikishindwa unaiweka pembeni.

Mmoja wa waliokwama alishikilia kwamba aya ya kwanza lazima imnase msomaji. Basi akabaki hapo, aya ya kwanza.

Niliposoma hilo nilihisi kama mtu amenifungulia mlango wa bafu. Kwa sababu hiyo ndiyo kanuni yangu. Sikumbuki nani aliniwekea kichwani. Nadhani ni watu wengi, kwa miaka mingi, kila mmoja akiongeza msumari wake. Sentensi ya kwanza ni uso. Sentensi ya kwanza ni chambo. Msomaji wa mtandaoni hana dakika, mkamate hapohapo. Yote hayo yana ukweli wake kwa makala iliyokwisha. Mimi nilikuwa nayatumia kwa makala ambayo bado haijajua inasema nini. Nilikuwa natengeneza chambo kabla ya kujua kama naenda baharini au mtoni.

Na kuna jingine la mwaka huohuo. Mtafiti mwingine, Nancy Sommers, alilinganisha wanafunzi 20 wa mwaka wa kwanza na waandishi wazoefu 20, wakiwemo wanahabari na wahariri. Kila mmoja aliandika insha tatu na kuirudia kila moja mara mbili. Wanafunzi, walipoulizwa maana ya kurudia kuandika, walizungumzia maneno: kufuta hili, kuweka lile, kuepuka neno kujirudia. Wazoefu walizungumzia hoja. Walisema rasimu ya kwanza ni ya kutafuta wanachotaka kusema na umbo lake.

Ile ya neno kujirudia ilinichoma zaidi. Katika makala yangu, kwa kuogopa kurudia "baba", nilikuwa nimemwita "mzazi wangu", kisha "mzee huyo", kisha "fundi huyu mahiri". Mtu mmoja, majina manne, ndani ya aya mbili. Ndiyo maana dada hakumwona. Hata mimi ningemkosa katika msongamano ule.

## Dakika saba

Nikaamua kujaribu dawa ambayo kwa miaka nilikuwa naidharau: kuandika bila kusimama. Mwalimu wa uandishi Peter Elbow aliieneza tangu 1973, naye hakuwa mtu wa kupiga domo kutoka kando. Aliwahi kuacha masomo ya shahada ya uzamivu kwa sababu kuandika kulimshinda. Utaratibu wake ni mwepesi. Weka dakika kumi, andika, usirudi nyuma, usifute, usisahihishe. Ukikosa la kusema, andika kwamba huna la kusema.

Niliidharau kwa sababu ilinikumbusha bomba lililoachwa wazi. Maji mengi, ndoo hamna.

Nikachukua daftari, maana kompyuta ina kile kitufe cha kufuta na mimi na kile kitufe tunajuana. Nikaweka dakika kumi. Mada: baba. Nanakili kilichotoka kama kilivyo:

"baba baba saa meza yake ilikuwa na kitambaa cheupe sijui niandike nini kitambaa cheupe na lenzi ya jichoni hata akitutazama alikuwa haivui jicho moja kubwa jingine dogo sijui sijui ukimwita anasema subiri kila kitu subiri ukitaka kumwonyesha daftari subiri umejikata kidole subiri nakuja halafu haji sisi ndio tulikuwa na subira si yeye"

Nilisimama hapo. Zilikuwa zimepita dakika saba tu, na kanuni inasema usisimame. Nilisimama.

Sisi ndio tulikuwa na subira.

Subira na subiri. Neno la baba, lile alilolitamka mara nyingi kuliko majina yetu, lilikuwa "subiri". Nilikuwa nimeishi na mzizi huo mmoja katika sauti yake utotoni kote, nikaupeleka kwenye makala kama sifa, na mara 34 sikuona kwamba nimempa yeye kitu kilichokuwa chetu. Yeye alikuwa anaamuru. Waliosubiri tulikuwa mimi na dada, tumesimama kando ya meza, mmoja ana daftari na mwingine ana kidole kinachovuja damu.

Sasa nilielewa kwa nini ile sentensi haikutulia. Nilikuwa naitafutia urembo, nikidhani kasoro yake ni ya sura. "Mwenye", "wa", "isiyo ya kawaida", "ndiyo iliyomlea": hakuna kiambishi ambacho kingeiponya, kwa sababu tatizo lake ni kwamba haikuwa kweli. Ilikuwa nusu kweli. Nadhani mkono ulijua kabla yangu. Kila ukiifikia uliitikisa, kama mtu anayetikisa redio akisikia mkwaruzo.

## Toleo la 21

Ningeweza kuishia hapo, na ingekuwa hadithi nzuri: acha kuchezea sentensi, andika bila breki, ukweli utatoka. Wiki moja nzima niliamini hivyo. Niliwaambia na marafiki wawili, nao wakatikisa kichwa kwa adabu.

Kisha nikarudi kwenye historia ya faili kutafuta kitu kingine, nikakutana na toleo la 21. Mara ya kwanza nilikuwa nimelipita mbiombio. Linasema:

"Baba yangu alikuwa na subira kwa saa."

Lilidumu dakika nne.

Nakumbuka kabisa kwa nini niliifuta. "Kwa saa" ina maana mbili. Msomaji angeweza kuelewa kwamba baba alikuwa na subira kwa kipimo cha saa, kama kilomita kwa saa, au mshahara wa kibarua. Sentensi inachekesha mahali pasipotakiwa kuchekesha, nikaiondoa. Kama mhariri, nilikuwa sahihi. Utata ule ulikuwepo.

Lakini angalia kilichokuwa kinajaribu kutoka. Subira kwa saa. Kwa saa, na siyo kwa nani? Mkato ule mdogo, "kwa saa", ulikuwa na makala nzima ndani yake, ile niliyokuja kuipata baadaye kwenye daftari. Ilijileta yenyewe, mchana kweupe, katikati ya huo uchezeaji nilioanza kuudharau. Nami nikaifukuza kwa kosa la sarufi.

Hili lilivunja ile hadithi yangu nzuri. Uchezeaji haukuwa wa bure. Ulikuwa unafikiri, mimi ndiye niliyekuwa sisikilizi.

Watafiti wa uandishi Linda Flower na John Hayes, katika kazi yao ya 1981, waliwaomba waandishi waseme kwa sauti kila linalowapitia kichwani wakiwa wanaandika, wakarekodi. Kabla ya hapo wengi walizoea kuuchora mchakato wa uandishi kama ngazi: unapanga, unaandika, unahariri, unashuka upande wa pili. Walichokikuta Flower na Hayes hakikuwa ngazi. Kupanga, kutia mawazo katika maneno na kupitia kilichoandikwa vilikuwa vikikatizana muda wote. Mtu anasahihisha neno, na neno lile linampa lengo jipya, anarudi kupanga upya. Lengo linazaliwa njiani.

Kwa hiyo ule ushauri wa "andika kwanza, hariri baadaye", ninaoupenda na nitaendelea kuwapa watu, ni uzio tu wa kuzuia mbuzi. Unamzuia mtu kama mimi asifute kila kitu. Hauelezi jinsi akili inavyofanya kazi. Toleo la 21 lilizaliwa na uhariri. Kilichokosekana ni mimi kusimama na kuuliza: neno hili limetoka wapi, na linataka nini?

Niseme na hili, ili nisije nikaonekana muuza dawa. Baada ya ile siku ya daftari nilijaribu kuandika bila kusimama mara tatu nyingine, kwa mada nyingine. Mara ya kwanza nilipata ukurasa wa malalamiko kuhusu kalamu inayovuja. Mara ya pili nilipata orodha ya watu ninaopaswa kuwapigia simu. Mara ya tatu nililala.

## Pembeni ya ukurasa

Nilipoirudia makala ya baba sikuanza na sentensi ya kwanza. Niliifunika, kwa kweli. Niliichapisha kwenye karatasi nikaweka kikombe juu yake. Kisha nikapita kila aya, na pembeni nikaandika kwa neno moja au mawili kwamba aya hii inasema nini. Si inahusu nini. Inasema nini.

Nilipomaliza, pembeni palisomeka hivi, kutoka juu hadi chini: subira, subira, mikono yake, subira, methali, subira.

Methali ilikuwa ile ile unayoidhania. Ilikuwa na aya yake peke yake. Nikaikata bila kuifikiria mara mbili, na sijawahi kuikumbuka.

"Mikono yake" ndiyo iliyonishangaza. Ilikuwa aya ya tatu, nimeibana katikati kama mgeni asiye na kiti. Nilikuwa nimeelezea humo jinsi alivyofungua saa: anaisikiliza kwanza kabla ya kuigusa, kisha anatoa vipande kwa kibano na kuvipanga juu ya kile kitambaa kwa mstari, kwa mpangilio wa kutoka, ili arudishe kwa kuhesabu kinyume. Akimaliza anaiacha saa itembee siku nzima rafuni aione kama inakimbia au inachelewa. Kioo hupanguswa mwisho wa yote. Mteja akija mapema, akaiona saa yake rafuni na vumbi kwenye kioo, akanung'unika, baba anamwambia: subiri.

Nilikuwa nimeyaandika haya yote kwa mkono wangu, kwenye makala ambayo kioo chake nilikuwa nakipangusa kwa siku 19 na ndani hamna springi.

Aya ya kwanza ya zamani, yote, ilikuwa hivi:

"Baba yangu alikuwa mtu wa subira. Katika ulimwengu wa leo ambapo kila mtu anakimbilia matokeo ya haraka, mzazi wangu alitufundisha kwamba mambo mazuri huhitaji muda. Mzee huyo alikuwa fundi saa, na suala la kuharakisha halikuwa sehemu ya maisha yake."

Isome kwa sauti. Mimi niliisoma kwa sauti jikoni na nikasikia hotuba ya mgeni rasmi. "Katika ulimwengu wa leo" ni ulimwengu gani? "Suala la kuharakisha" linafanya nini pale, kama si kuvaa tai? Na "alitufundisha" ni uongo mtupu. Hakutufundisha chochote kuhusu muda. Alituambia tusubiri, tukasubiri.

Nikaandika hivi:

"Baba alikuwa anasikiliza saa kabla ya kuzifungua. Aliishika sikioni, akafumba macho, na kama ulikuwa na la kumwambia alinyanyua kidole kimoja: subiri. Nilijifunza kusimama kando ya meza ile bila kutikisa mguu. Dada alisimama upande wa pili. Saa ikiisha kusikilizwa, baba alivaa lenzi, na hapo tena ulikuwa umechelewa."

"Baba" inajirudia. Neno "subira" halimo kabisa. Sikuipangusa sana; nilibadilisha "akafunga macho" kuwa "akafumba macho", maana mlango ndio unaofungwa, na nikaacha.

Ile "ulikuwa umechelewa" sikuipanga. Ilikuja yenyewe ikiwa na saa ndani yake, na safari hii niliisikia.

## Alichokiongeza dada

Kilichonisumbua baada ya hapo hakikuwa tena mbinu. Ni haki. Mtu hayupo, hawezi kujibu, nami nimemgeuza kutoka mtakatifu kuwa baba asiyenyanyua macho. Nilijiuliza kama nimepata ukweli au nimepata tu hoja yenye makali zaidi, kwa sababu hoja yenye makali hupendeza kuandika, na kupendeza kule kunaweza kukupeleka mbali na mtu mwenyewe kama vile sifa zilivyonipeleka. Sentensi ya uongo nilikuwa nimeitambua kwa kutotulia kwake. Hii mpya ilikuwa imetulia mno.

Nikamtumia dada. Alikaa kimya siku mbili. Halafu akapiga simu, jambo analolifanya akiwa na hasira au akiwa na mengi.

"Sasa namwona," alisema. "Kidole kile. Nilikuwa nimekisahau kile kidole."

"Lakini?"

"Lakini umeandika kama vile ilikuwa hivyo siku zote. Ile saa yangu ya mezani umeisahau?"

Sikuikumbuka hata kidogo.

"Alinitengenezea yeye, kwa vipande vya saa zilizokufa. Kila usiku alikuwa anakuja kuitia ufunguo. Mwenyewe. Mimi nilikuwa naweza kuitia, yeye hakutaka. Anakuja, anaitia, anakaa pembeni ya kitanda anaisikiliza kidogo, anaondoka. Wewe ulikuwa umeshalala."

"Alikuwa anasema nini?"

"Hasemi. Anasikiliza saa. Ila anakaa."

Tukanyamaza wote kwenye simu.

Hilo limenilazimisha kuirudia makala mara ya tatu, na mara hii kazi yake ni tofauti na zote mbili za mwanzo. Siwezi kuipachika saa ya dada mwishoni kama kitulizo, baba mkali kumbe alikuwa na moyo. Hiyo nayo ni methali nyingine imevaa nguo za nyumbani. Nilijaribu kuiweka katikati, ikavunja aya ya kusimama kando ya meza. Nilijaribu kuanza nayo, nikajikuta, bila kutaka, napiga msasa sentensi ya kwanza tena. Nikafunga kompyuta nikaenda kulala. Kwa sasa ipo baada ya aya ya kidole, haina kiunganishi, haina "hata hivyo" wala "lakini". Mtoto mmoja anasimama kando ya meza. Mwingine amelala anasikiliza saa ikitiwa ufunguo. Sijui kama inakaa sawa. Ipo rafuni inatembea, nitaiangalia kesho kama inachelewa.

Historia ya faili nimeitazama leo asubuhi kabla ya kuandika haya. Toleo hili la tatu lina mabadiliko mengi kuliko yote. Mengi ni aya nzima kuhama, kugawanyika, kufutwa. Sentensi ya kwanza imebadilishwa mara mbili.

Nilimtumia dada jana usiku. Jibu limeingia sasa hivi, nikiwa kwenye aya hii:

"Mdogo wangu, hapo sasa. Ila saa yangu haikuwa ya bluu. Ilikuwa ya kijani, na mshale wa dakika ulikuwa mfupi kwa sababu ulitoka kwenye saa nyingine."

Nimefungua faili.